Pesa mkononi haitoshi kumtia hatiani mla rushwa

Mhariri,

Kila mtumishi wa umma anapoachiwa huru katika kesi ya rushwa, malalamiko huwa yaleyale: si alikutwa na noti mfukoni, mahakama ilitaka nini tena? Ilitaka kujua noti zile zilifikaje pale na zilikuwa za nini. Utetezi utasema ni deni, ni ada halali, ni mchango wa msiba, au ziliachwa mezani akiwa anaongea na simu. Kwa kawaida mshtakiwa hahitaji kuthibitisha hayo. Yakizua shaka ya maana, yanatosha. Zipo sheria zinazomtaka aliyepokea ajieleze, lakini hata huko upande wa mashtaka huanza kwa kuthibitisha upokeaji wenyewe.

Kwa hiyo kesi husimama au huanguka kwenye ombi la rushwa lenyewe. Ibara ya 15 ya Mkataba wa Umoja wa Mataifa dhidi ya Rushwa, wa mwaka 2003, inataka hata kuomba peke yake kuwe kosa, fedha itoke isitoke. Ni busara kuyaweka kuomba na kupokea kama mashtaka mawili, ili moja likianguka lisiondoke na la pili. Tatizo ni kwamba mzoefu haombi kwa kutaja pesa. Husema faili ni zito, au huandika tarakimu kwenye kipande cha karatasi, akakionyesha, akakichana. Mazungumzo yarekodiwe mapema, kabla ya kuandaliwa noti za mtego, yaani zile ambazo mlalamikaji, aliyeombwa rushwa, atampa ofisa wapelelezi wakisubiri. Mlalamikaji aulize tu, "Sasa nifanyeje ili litoke?", kisha anyamaze. Akitangulia yeye kutaja kiasi, amemrahisishia kazi wakili wa utetezi, kwani swali la nani alianza litatawala kesi nzima. Katika kesi ya Looseley ya mwaka 2001, majaji wa Bunge la Mabwana la Uingereza, wakati huo ngazi ya mwisho ya rufaa nchini humo, waliuchora mpaka huo: dola inaweza kumpa mtu nafasi ya kawaida ya kutenda kosa, lakini ikimshawishi kutenda ambalo asingelitenda, kesi inaweza kusimamishwa.

Poda ya mtego nayo inaaminiwa kupita kiasi. Inayotumika sana ni fenolfthalini: noti hupakwa, na mikono iliyozigusa ikioshwa kwenye maji ya magadi, maji hugeuka waridi. Inavutia mbele ya hakimu, ila poda haijui kilichosemwa. Isitoshe, huhama. Mlalamikaji aliyegusa noti zile kisha akampa mtuhumiwa mkono wa salamu amekwisha kumpaka vidole. Aliyepaka noti asikaribie kabisa eneo la kunawisha. Mlalamikaji asiziguse hadi zitakapodaiwa. Maji yaonyeshwe kwa shahidi huru yakiwa hayana rangi kabla mkono haujaingia. Kila mkono uwe na chombo chake, na mfuko wa suruali uoshwe peke yake. Chupa zifungwe kwa lakiri na kusainiwa palepale, zipelekwe maabara mapema, kwani rangi inaweza kufifia. Namba za noti ziandikwe na kusainiwa kabla ya mtego. Orodha iliyoandikwa baada ya ukamataji ni karatasi tu.

Kinasa sauti kina masharti yake: kadi halisi ifungwe kama kielelezo, nakala ndizo zifanyiwe kazi, na kila aliyeishika aandike lini aliipokea na kwa nani. Sauti itambuliwe na mtu anayeifahamu. Mazungumzo yakiwa katika lugha isiyo ya mahakama, mfasiri naye huitwa kutoa ushahidi, jambo linalosahaulika mpaka siku ya kusikilizwa.

Kilichobaki, na kwa maoni yangu ndicho kinachopuuzwa zaidi, ni kuiunganisha fedha na kazi ya ofisa. Mwaka 2016 Mahakama Kuu Kabisa ya Marekani ilitengua hatia ya Robert McDonnell, aliyekuwa gavana wa Virginia. Yeye na mkewe walipokea zawadi na mikopo ya zaidi ya dola 175,000, lakini majaji walisema kupanga mkutano au kumpigia simu ofisa mwingine, peke yake, si tendo rasmi kwa maana ya sheria iliyotumika. Sheria za nchi nyingine ni pana zaidi, na baadhi hazijali kama ofisa alikuwa na uwezo wa kutimiza alichoahidi. Bado kiungo lazima kionekane, na kwa kawaida kiko ofisini kwake: daftari la kupokea barua, tarehe faili lilipofika mezani, siku lilizokaa, akaunti iliyotumika kuliidhinisha kwenye mfumo, na mafaili mengine ya aina hiyohiyo yaliyopita bila kukwama. Wapelelezi wachukue kumbukumbu hizo siku ileile ya ukamataji, kwani wenzake wa ofisini nao wana funguo za kabati.

Msomaji wenu