Soksi ndani ya dirisha

Sahibu yangu,

Assalaam alaykum. Mimi mzima, vidole tu vimechubuka kwa chokaa. Leo Jumapili, baridi imenifungia ndani, ndiyo maana umepata barua badala ya zile sauti zangu za dakika mbili.

Ile kazi niliyokwambia nimeipata. Natengeneza kuta na madirisha ya nyumba za kizamani Millers Point, hapa Sydney, mtaa ulioshikana na bandari ya zamani, karibu na lile daraja lao la kwenye kalenda. Zimejengwa safu moja, ukuta wa huyu ndio ukuta wa yule, nyembamba mbele, ndefu kwenda nyuma. Roshani nyingi zina vizuizi vya chuma cha kusubu, nakshi tupu. Kwa mbali utadhani mtu kaanika lesi. Nyingi ni za karne ya 19, wakati wa Waingereza. Zimo kwenye daftari la urithi la serikali, kwa hiyo hata rangi ya mlango huchagui kwa mapenzi yako.

Sasa cheka. Wiki ya kwanza nilikuta ufa ukuta wa nyuma, nikauziba kwa saruji. Mimi! Niliyekuwa nikigombana na watu Mji Mkongwe kwa jambo hilohilo. Nilikuwa na haraka, mfuko uko karibu, nikasema huku uani nani ataona. Msimamizi akaja, akagusa kwa kidole, wala hakupandisha sauti. Akanipa tindo. Siku mbili nabandua kazi ya nusu saa. Na najua vizuri: jiwe lao ni la mchanga, linavuta maji kama letu la matumbawe. Chokaa huyaachia yatoke, saruji huyafungia ndani, halafu chumvi inalimung'unya jiwe taratibu.

Wapangaji wa nyumba hizi walikuwa watu kama mzee wako, makuli. Mwaka 1900 tauni iliingia Sydney na panya wa bandarini, serikali ikautwaa mtaa, ikabomoa baadhi ya nyumba, zilizobaki zikawa chini ya mamlaka ya bandari. Kuli anaamka, anateremka ngazi, yuko gatini. Miaka ya 1970 serikali ikataka kuvunja The Rocks, mtaa wa jirani, ipandishe maghorofa. Wakaazi wakakimbilia chama cha vibarua wa ujenzi, kiongozi wake Jack Mundey, na vibarua wakagoma kubomoa. Hebu fikiri, kibarua anauacha ujira kwa sababu ya nyumba isiyo yake. Mundey mwenyewe alibebwa na polisi mzobemzobe mwaka 1973. Sijui kama wewe na mimi tungethubutu, na kodi ya nyumba inatungoja.

Basi nyumba zikapona. Halafu 2014 serikali ikatangaza kuuza nyumba zake 293 za sehemu hizo, ikasema kuzikarabati ni ghali na fedha zitajenga nyumba za wenye kipato kidogo kwingineko. Wapangaji wakahamishwa, wengi wao wazee. Hoja ya gharama siibezi. Nimeona bei ya dirisha moja. Lakini mtu aliyezaliwa kwenye nyumba ile anaondoka, na fremu inabaki kwa amri ya sheria. Hilo limenikaa kooni.

Na madirisha yenyewe si ya bawaba. Yanapanda na kushuka kwa kamba na kapi, na ndani ya fremu mmefichwa vyuma vya uzito. Juzi nilifungua fremu moja ya ghorofani, nikakuta chuma kimevishwa soksi ya sufu, imefungwa uzi mara tatu. Kumbe upepo wa bandarini ukivuma, chuma hugonga mbao usiku kucha, na aliyelala pale alikuwa anatafuta usingizi. Nikamuuliza msimamizi kama soksi nayo ni urithi. Akacheka, akatazama karatasi zake: kamba ipo, kapi lipo, rangi ipo. Soksi haimo.

Nimeweka kamba mpya, na soksi nimekivisha tena chuma chake. Mwenye nyumba wa sasa hatajua kwa nini dirisha lile halipigi kelele.

Niulizie kwa mzee: chokaa walikuwa wakiiloweka siku ngapi kabla ya kupiga lipu? Huku inakuja kwenye ndoo, imeshalowekwa, na mimi siiamini. Niambie pia Beit-al-Ajaib, lile jumba letu la kale pale Mji Mkongwe, imefikia wapi. Tangu ilipoanguka upande Desemba 2020 kila anayenipigia ananieleza lake.

Msalimie mama, mwambie zile kofia alizonipa bado navaa, chini ya helmeti.

Ndugu yako wa Sydney