Tusiwatie kunguru wote kapu moja

Mhariri,

Msomaji mmoja ameandika katika gazeti lako akitaka "kunguru wote na jamaa zao" wawekewe sumu pwani nzima. Uchungu wake naujua. Kunguru weusi hubeba vifaranga vyangu mchana kweupe, na pale soko la samaki mama muuza samaki hawezi kugeuka hata kidogo. Ila hilo la "na jamaa zao" silikubali.

Nilisomea kilimo Thrissur, jimbo la Kerala, kusini mwa India. Kule karibu kila ua una minazi, na katika minazi hiyo anaishi ndege wa ukoo huohuo wa kunguru; wenyeji wanamwita olanjali, wataalamu Dendrocitta vagabunda. Ana mwili wa rangi ya kutu, kichwa cheusi, na urefu wa karibu nusu mita ambao karibu nusu yake ni mkia. Maisha yake ni juu mitini. Utamwona ananing'inia kwenye ncha ya kuti, mkia ukimpa mizani, anachokoachokoa mashinani mwa makuti kutafuta wadudu. Hula pia matunda, mijusi, hata mayai na makinda ya ndege wengine, wala sitamficha kwa hilo. Lakini hula vilevile funza wa fukusi mwekundu wa minazi, yule anayetafuna shina kwa ndani mpaka mti unaanguka. Mkulima wa hapa aliyewahi kupoteza minazi kwa chonga, yule mdudu anayetoboa minazi, hahitaji kuelezwa thamani ya ndege wa namna hiyo.

Kunguru mweusi naye asili yake ni India. Aliletwa Unguja miaka ya 1890, na tangu hapo ameenea mwambao wote. Mbona olanjali hakuenea hivyo? Kwa maoni yangu jibu liko kwenye chakula. Olanjali anategemea miti. Kunguru mweusi anamtegemea binadamu: jalala, machinjio, matumbo ya samaki yanayotupwa ufukweni. Kenya ilitangaza mwaka 2024 mpango wa kuangamiza kunguru milioni moja, na hapa Tanzania sumu imetumika zaidi ya mara moja. Siipingi sumu ikiwa mikononi mwa wataalamu. Ninachopinga ni kuua huku tunaendelea kuwalisha waliobaki.

Kuna jambo linaloniumiza zaidi. Vijana wakisikia tangazo la kunguru, manati inamwangukia kila ndege mweusi. Nimeokota mlamba aliyevunjwa bawa, ndege anayekula wadudu wa shamba kuanzia alfajiri. Kunguru wetu wa asili, mwenye kifua na shingo nyeupe, naye anauawa, wakati yeye ndiye wa kwanza kunyang'anywa makazi na huyu mgeni mwenye shingo ya kijivu.

Naiomba halmashauri, kabla ya kampeni nyingine, ipeleke picha za ndege hawa shuleni na kwenye mialo, watoto wajue nani ni nani. Na pale sokoni lichimbwe shimo lenye mfuniko la kutupia matumbo ya samaki. Nafasi ipo, nyuma ya banda la barafu, na wavuvi niliozungumza nao wako tayari kuchimba wenyewe wakipewa saruji.

Bibi shamba mstaafu,
Pangani, Tanga