"Hitilafu ya kiufundi" haitoshi

Mhariri,

Kila ndege ya abiria inapoanguka, kesho yake magazeti, na lako likiwamo, huandika maneno yaleyale: "hitilafu ya kiufundi". Nilikuwa fundi wa ndege kwa miaka 26 kabla ya kustaafu, na maneno hayo hunichoma kila ninapoyasoma. Sisi tuliofanya kazi karakanani tunajua kwamba mara nyingi hitilafu hiyo ina tarehe, ina sahihi, na ina mtu aliyekata shauri ofisini, pengine miaka kadhaa kabla abiria hawajafunga mikanda.

Nitaeleza ajali moja kwa kirefu. Tarehe 31 Januari 2000, ndege ya Alaska Airlines, safari namba 261, ilitumbukia baharini karibu na pwani ya California. Watu wote 88 waliokuwamo walikufa. Mkiani mwa ndege ya aina ile, MD-83, kuna skrubu moja ndefu na nene inayozunguka ndani ya nati, ikiinua na kushusha bawa dogo la mkia. Bawa hilo ndilo linaloifanya pua ya ndege itazame juu au chini. Uhai wa skrubu hiyo ni grisi. Ikikauka, chuma hula chuma. Mwaka 1987 ilikuwa ikitiwa grisi kila baada ya saa 500 za kuruka. Muda huo ukasogezwa, ukasogezwa tena, hata kufikia 1996 ikawa ni kila baada ya miezi 8, yaani takriban saa 2,550. Mamlaka ya usafiri wa anga ya Marekani iliridhia. Hakuna aliyetamka kwamba grisi isitiwe. Kila nyongeza ilionekana ndogo ukiilinganisha na ile iliyotangulia.

Na hiyo grisi yenyewe haikuwa rahisi kuitia. Kitundu cha kuingizia mkono pale mkiani kilikuwa chembamba, kiasi kwamba fundi hupapasa zaidi ya anavyoona. Fundi wa mwisho kuifanya kazi ile, Septemba 1999, aliwaambia wachunguzi kwamba ilimchukua kama saa 1. Hesabu ya mtengenezaji ilikuwa kama saa 4. Skrubu ilipoopolewa baharini, njia ya grisi ilikutwa imejaa masalia makavu yaliyoganda, na meno ya nati yalikuwa yamechunika na kujiviringisha kwenye skrubu kama utepe wa chuma.

Linaloniuma zaidi lilitokea miaka miwili na ushei kabla ya hapo. Septemba 1997 ndege ileile ilikuwa karakanani kwa ukaguzi mkubwa. Ulegevu wa nati ulipimwa, ukakutwa umefika kikomo kabisa cha kinachoruhusiwa, kama milimita 1 hivi. Ikaandikwa kwamba ibadilishwe. Zamu iliyofuata ikapima upya mara kadhaa, ikapata kipimo kidogo zaidi, na ndege ikarudi angani na nati yake ya zamani. Siwezi kuwalaumu mafundi wa zamu ile kwa pupa. Najua usiku wa karakana ulivyo: ndege imepangiwa safari ya alfajiri, kipuri hakipo, na simu kutoka ofisini haikatiki. Ninachotaka kijulikane ni nani pale alikuwa na uwezo wa kusema ndege hii isubiri, na kama angesema, nani angemlinda.

Gazeti likiishia kwenye kifaa kilichovunjika, linaweza kuwapoteza watu. Ndege aina ya DC-10 ilipodondosha injini ya kushoto ikipaa Chicago tarehe 25 Mei 1979, watu 273 walikufa, wawili kati yao wakiwa ardhini. Siku za mwanzo macho yote yalikuwa kwenye bolti moja iliyovunjika. Baadaye ikabainika kwamba injini pamoja na mhimili wake, yaani kiungo kinachoishikilia kwenye bawa, zilikuwa zikishushwa na kupandishwa kwa foklifti kama kitu kimoja, kinyume na utaratibu wa mtengenezaji, ili kuokoa takriban saa 200 za kazi kwa kila ndege. Foklifti ikiyumba kidogo tu, mhimili hupata ufa. Bolti ile haikuwa na hatia.

Tena kuna makabidhiano ya zamu, ambayo nje ya karakana hayazungumzwi kabisa. Tarehe 11 Septemba 1991 ndege ndogo ya Continental Express ilikatika angani Texas, watu 14 wakafa, kwa sababu skrubu 47 za sehemu ya juu ya mkia zilikuwa zimefunguliwa usiku na hazikurudishwa. Zamu iliyozifungua haikuandika, na iliyoingia haikujua.

Mimi mwenyewe niliwahi kukataa kutia sahihi. Bomba la haidroliki, lile la mafuta yenye shinikizo yanayosukuma sehemu za ndege, lilikuwa limesuguana na waya hadi likalika, na kipimo changu kilisema limepita kikomo. Abiria walisubiri zaidi ya saa 4. Msimamizi wangu alinipigia simu mara tatu, na sauti za abiria wakifoka nilizisikia hadi chini ya bawa. Bomba lilibadilishwa, ndege ikaondoka, ikafika. Mwezi uliofuata nilihamishiwa stoo ya vipuri, na sikuelezwa sababu.

Kwa hiyo, Mhariri, nina ombi. Ndege itakapoanguka tena, mwandishi wako asiondoke na "hitilafu ya kiufundi" peke yake. Aulize kifaa kilichoharibika kilikaguliwa lini, na kilipaswa kukaguliwa lini. Aulize kama muda wa ukaguzi uliwahi kurefushwa, na nani aliidhinisha. Aulize kama kuna fundi aliyeandika onyo, na yuko wapi sasa. Na asingoje maiti ndipo aulize. Mafundi wako kazini usiku huu, na wengi wangezungumza kama wangehakikishiwa kwamba majina yao hayatatajwa.

Fundi mstaafu wa ndege