Mavazi: msanii mwenyewe?

Mhariri,

Ukurasa wenu wa burudani umeusifia mchezo wa runinga uliopigwa picha huku kwetu kanda ya ziwa, mkasema mavazi ndiyo yaliyoubeba. Ahsanteni. Nani aliyashona? Hamkusema, na siwalaumu sana, kwani hata kwenye mchezo wenyewe, majina yanapopanda mwishoni, dereva yupo, mpishi yupo, gesti waliyolala ipo. Kwenye mavazi wameandika "msanii mwenyewe". Nguo kadhaa kati ya hizo zilikatwa hapa Makoroboi, juu ya meza yangu. Sidai hela, nililipwa, ingawa kwa mafungu.

Mpwa wangu anayesomea habari chuo kikuu cha SAUT, Nyegezi, alinionyesha kazi za Mmarekani mmoja, William Ware Theiss. Nadhani wasomaji wenu wengi hawajamsikia. Ndiye aliyebuni mavazi ya Star Trek, mchezo wa wasafiri wa anga uliorushwa Marekani kuanzia 1966 hadi 1969. Bajeti ilikuwa finyu, naye alitakiwa kuvalisha watu wa sayari ambazo hakuna aliyewahi kuzikanyaga. Mashati ya wasafiri wale aliyakata kwa velua, kitambaa chenye manyoya kama mahameli. Fundi mwenzangu anajua kilichofuata: kila yakienda kwa dobi, yanarudi yamesinyaa. Wachezaji wanabanwa vifua. Msimu wa tatu wakaachana na velua, wakahamia nailoni ya kufumwa.

Na lile shati la nahodha ambalo kila mtu anaapa ni la rangi ya dhahabu, kumbe lilikuwa kijani! Taa na filamu ndizo zilizoligeuza. Hapo nilimwita jirani yangu wa duka la vitambaa aje asikie kwa masikio yake, maana wateja wa michezo ya runinga wametugombanisha mno. Mtu anachagua jora mchana, barabarani, juani. Usiku analiona chini ya taa za kamera, anakuja juu kwamba nimembadilishia.

Kuna gauni moja la waridi, la 1967, ambalo nilimwambia kijana alisimamishe nilitazame vizuri. Bega moja wazi kabisa. Kilicholishikilia ni uzito wa kitambaa kirefu kilichopitishwa juu ya bega la pili kikaning'inia mgongoni. Hayo ni mahesabu ya mtu aliyekaa na mkasi, si bahati. (Kanisani kwetu lisingevuka mlango, lakini hilo ni jambo jingine.)

Si kila alichokata kilikaa sawa. Mchezo huo ulipofufuliwa mwaka 1987 aliwavalisha nguo za kipande kimoja zinazobana mwili mzima, wachezaji wakalalamika migongo inauma. Baadaye mbunifu mwingine akaleta za sufu, za vipande viwili. Theiss alipata tuzo ya runinga ya Emmy mwaka 1988, na kwa filamu alishindania Oscar mara tatu bila kuipata. Alifariki 1992. Mambo yote haya mpwa wangu aliyapata kwa kuanzia kwenye jina lililoandikwa mwishoni mwa vipindi. Mtu akitaka kunitafuta mimi, aanzie wapi? Kwa "msanii mwenyewe"?

Huyo msanii mwenyewe, nawaambieni, alikuja na kitenge kipya kinachong'aa, lebo bado imebandikwa, ili aigize mama muuza dagaa wa soko la Mwaloni. Mama wa Mwaloni hafungi kitenge kipya akashika ndoo ya dagaa. Nilikifua kwa sabuni kali, nikakianika juani siku nzima, nikakifua tena, kisha nikachakaza pindo kwa jiwe pale anapojifutia mikono. Mwongozaji alinung'unika kwamba nimeharibu mali. Nyie mkaandika kwamba mama yule "alionekana wa kweli".

Kwa hiyo ombi langu ni dogo. Mkiandika tena kuhusu mchezo wa runinga na mavazi yakawavutia, muulizeni mtayarishaji nani alikata, nani alishona, mlichapishe hilo jina. Na watayarishaji wanaosoma barua hii: mstari mmoja tu, kwa herufi zilezile mlizomwandikia dereva.

Mama Kulwa,
Fundi cherehani, Makoroboi, Mwanza