Barua kwa mwanangu: usiulize kwa mwezi ni ngapi

Mwanangu,

Zile karatasi tatu za ofa za mkopo wa nyumba ulizonitumia picha jana usiku nimeziona, na nimeona pia ulichoandika chini yake, "baba hii ya miaka 30 rejesho lake dogo, nafikiri nichukue hii". Sikukujibu palepale, sio kwamba nilikuwa nimelala, nilikuwa natafuta kalkuleta na lile daftari langu la zamani la bluu ambalo jalada lake limeshang'oka, maana swali lako ndio hilohilo nililouliza mimi siku ile nimekaa mbele ya ofisa mikopo, kwa mwezi ni ngapi, akanijibu vizuri tu, nikapiga hesabu ya mshahara nikaona inatosha, nikasaini. Mpaka mwisho ni ngapi sikuuliza, na yeye hakuniambia, na sio kwamba alinidanganya, ukiangalia ile barua ya ofa kila kitu kilikuwemo humo ila sikujua pa kutazama.

Sasa kaa chini twende pole pole. Najua nyumba unayoitaka bei yake ni nyingine kabisa, ila mimi nitatumia milioni 10 ili kichwa kisiume, wewe utazidisha mwenyewe. Riba waliyokuandikia ni asilimia 12 kwa mwaka, yaani asilimia 1 kila mwezi. Kwa miaka 20 rejesho linatoka 110,109. Zidisha kwa miezi 240. Umezidisha? Ni milioni 26.4. Umekopa 10, unarudisha 26 na ushee, hiyo milioni 16.4 ya juu ndio bei ya kukopeshwa, na hiyo huioni popote kwenye lile tangazo lenye picha ya familia inacheka mlangoni.

Halafu hiyo ya miaka 30 unayoipenda. Rejesho lake ni 102,861. Tofauti na ile ya 20 ni elfu 7 na kidogo kwa mwezi, basi, elfu 7. Sasa zidisha 102,861 kwa miezi 360 uone, inakuja milioni 37. Kwa ajili ya kupata nafuu ya elfu 7 kwa mwezi unaongeza miaka 10 ya deni na milioni 10.6 juu, yaani ni kama umenunua nyumba ya pili ukampa aliyekukopesha. Nilipoiona hiyo hesabu mara ya kwanza nilirudia mara tatu nikidhani kalkuleta imeharibika.

Kwanini inakuwa hivyo? Hapa ndipo nataka unielewe vizuri kuliko popote, maana ukishika hapa mengine yote utajipigia mwenyewe. Kila mwezi riba inapigwa kwenye salio lililobaki, na ile hela unayoleta inaanza kulipa riba kwanza, kinachobaki ndio kinapunguza deni lenyewe. Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 10, asilimia 1 yake ni 100,000, wewe umeleta 110,109, kwahiyo kilichoenda kwenye deni ni elfu 10 na mia moja tu. Mwezi wa pili riba inapungua kidogo sana, karibu mia moja, na deni linashuka kidogo zaidi, hivyo hivyo. Mwaka wa kwanza mzima utalipa milioni 1.32 na deni litakuwa limeshuka kwa 128,000. Umelipa mwaka mzima, hujakosa hata mwezi mmoja, na bado unadaiwa milioni 9.87.

Mimi hili nililigundua vibaya. Mkopo wetu mimi na mama yako ulikuwa wa masharti hayo hayo, 12 kwa miaka 20, kwahiyo hesabu hii ndio maisha yangu. Tulipofika mwaka wa 5 nikajisemea tumeshalipa robo ya muda, basi na deni litakuwa limepungua robo, tena nilimwambia mama yako kwa kujiamini kabisa kwamba tumebakiza kama milioni 7 na nusu hivi. Nikaenda kuomba statimenti. Yule dada wa kaunta akaichapisha, akaikunja mara mbili akanipa, mimi nikaifungua palepale nikiwa nimesimama na watu nyuma yangu kwenye foleni. Tulikuwa tumeshalipa milioni 6.6. Salio, milioni 9.17. Nikamuuliza dada samahani hii ni ya kwetu kweli, akaangalia jina akasema ndio mzee. Mzee! Nilikuwa sijafika hata 40.

Nikarudi nyumbani nikaiweka mezani, mama yako akaisoma, hakusema kitu, akachukua kalamu akapiga mstari chini ya salio halafu akaniuliza, "hizi milioni 6 zimeenda wapi?" Ndio tukakaa usiku ule tukaandika mwezi kwa mwezi kwenye hili daftari, na tukakuta ni mpaka rejesho la 172, yaani mwaka wa 15, ndipo kwa mara ya kwanza sehemu inayopunguza deni inaizidi sehemu ya riba. Na nusu ya deni inaisha karibu mwaka huo huo wa 15. Kwahiyo mtu akiuza nyumba mwaka wa 5 au wa 6 kwasababu amehamishwa kazi au ndoa imeyumba, anakuta anadaiwa karibu kama siku aliyoanza, watu wengi wanashangaa sana hapo.

Sasa ile karatasi ya tatu, ya wale wenye asilimia 8, ambayo umeandika "hawa bei poa". Soma mstari wa chini mwanangu, wameandika riba ni ya flati. Maana yake riba haipigwi kwenye salio linalopungua, inapigwa kwenye ile milioni 10 ya mwanzo kila mwaka mpaka mwisho hata kama umebakiza laki moja. Asilimia 8 ya milioni 10 ni laki 8, mara miaka 20 ni milioni 16. Umeona? 16 na 16.4, ni karibu kitu kimoja na wale wa asilimia 12. Nane yao ndio kumi na mbili ya wenzao, imevaa nguo nyingine tu. Kwahiyo usilinganishe asilimia kwa asilimia, uliza kwanza inapigwa kwenye nini, halafu linganisha jumla ya mwisho.

Halafu kuna hizi wanazoita gharama ndogo ndogo. Ada ya kuandaa mkopo, mthamini, mwanasheria, kusajili rehani kwenye hati, bima ya moto, bima ya mkopo ili ukifa deni lisimwangukie mwenzio (hiyo ya mwisho usiikatae, nakuomba). Utaambiwa usijali tutazijumlisha kwenye mkopo, inasikika kama wema. Lakini ukijumlisha 300,000 kwenye mkopo nayo inakula riba miaka 20 kama hela nyingine, inaishia karibu 793,000. Kama unazo mkononi lipa taslimu siku hiyo hiyo uachane nazo. Na kuna matengenezo, kodi ya jengo, bati likivuja hakuna mwenye nyumba wa kumpigia simu, mwenye nyumba ni wewe, hayo sitaki hata kuyaandika sana utayajua tu.

Riba yenyewe je, imegandishwa au inapanda na kushuka? Kwenye karatasi ya kwanza nimeona wameandika wanaweza kuibadilisha kulingana na soko. Sawa. Chukulia mapema tu imetoka 12 ikaenda 15. Rejesho la miaka 20 linapanda kutoka 110,109 mpaka karibu 131,700. Je mshahara wako utalihimili hilo? Na usifikirie kwamba ukibaki unalipa 110,109 yako itakuwa sawa, maana kwa asilimia 15 riba peke yake ya mwezi ni 125,000, yaani hujafikia hata riba, deni linapanda wakati wewe unalipa kila mwezi bila kukosa. Hiyo ndio inayowatoa watu jasho. Kwahiyo kabla ya kusaini jaribu miezi mitatu kuweka pembeni 131,700 kila mwezi kama vile unalipa, ukishindwa, hiyo nyumba ni kubwa kuliko wewe kwa sasa.

Usije ukadhani nakukataza. Hii nyumba ninayokuandikia humo ndimo ulimojifunzia kutembea, na siijutii. Na kuna kitu kizuri pia wasichokuambia wale wanaopinga mikopo, kama riba haibadiliki basi rejesho nalo halibadiliki, na mshahara ukipanda na bei za vitu zikipanda ile 110,109 inazidi kuwa nyepesi, mwaka wa 12 tulikuwa tunailipa bila hata kuikumbuka wakati mwanzoni ilikuwa inatukaba koo. Kwahiyo hizo milioni 26 za miaka 20 sio sawa na milioni 26 za kuzitoa leo mfukoni, hilo ni kweli, nisikutishe kupita kiasi. Lakini kodi ya kupanga unayoikwepa uilinganishe na riba, bima na matengenezo, sio na rejesho zima, na gharama hizo nazo usizilinganishe na sifuri, maana usiponunua bado ungelipa kodi.

Cha kufanya sasa. Mimi ningekuwa wewe ningechukua ile ya miaka 20 ya salio linalopungua, halafu kila mwezi naongeza elfu 10 juu ya rejesho, inayoenda moja kwa moja kwenye deni lenyewe. Elfu 10 tu. Ukianza mwezi wa kwanza, mkopo wa miaka 20 unaisha miaka 15, na unaokoa kama milioni 4.8. Mtu atakwambia si uchukue basi ya miaka 15 moja kwa moja, rejesho lake ni 120,017, ni karibu kitu kile kile. Ni kweli, ila hiyo umefungwa, mwezi ukiwa mbaya unadaiwa 120,017 na penati juu, ya 20 mwezi ukiwa mbaya unarudi kwenye 110,109 hakuna anayekuuliza. Inataka nidhamu tu, na wewe nidhamu ya hela unayo kuliko mimi, hilo umerithi kwa mama yako.

Sisi tulianza kuongeza hiyo elfu 10 baada ya ile statimenti, yaani mwaka wa 6. Na hata hapo tukakosea. Nilikuwa napeleka hela ya ziada natia na risiti kwenye bahasha roho safi, miezi mitatu, nikaja kuuliza salio nikakuta halijashuka inavyotakiwa, kumbe ile ziada walikuwa wanaiweka kama rejesho la mwezi unaofuata limelipwa mapema, haigusi deni. Ikabidi niandike barua kwamba kila ziada ipunguze deni la msingi, tena nikabaki na nakala yenye muhuri wao. Kuanzia hapo ikaenda vizuri, tukamaliza karibu miaka 3 kabla ya muda, tukaokoa kama milioni 2.4. Angalia hapo, elfu 10 ile ile, ila kwakuwa tulichelewa miaka 5 faida yake imekatika nusu. Hela ya mwanzoni ndio yenye nguvu kwasababu inaua riba ya miaka yote inayofuata.

Kwahiyo ukienda Jumatatu waulize haya kabla ya kalamu kugusa karatasi: jumla nitakayolipa mpaka siku ya mwisho ni ngapi na waiandike, riba inapigwa kwenye nini, inabadilika lini na nani anaamua, nikilipa zaidi au nikimaliza mapema kuna penati kiasi gani (wengine wanaweka penati kubwa kiasi kwamba ile faida yote ya kuongeza inayeyuka, huko usiende), na ziada inaingia wapi. Halafu waombe jedwali zima la marejesho, miezi yote 240, sio muhtasari wa ukurasa mmoja. Wakisema mfumo hautoi, utatoa tu, waambie utasubiri.

Ukilipata usinitumie lote, macho yangu siku hizi unayajua. Nipigie picha mstari wa kwanza na mstari wa 172, nilinganishe na daftari. Mama yako anauliza pia ile hati itakuwa imeandikwa jina lako peke yako au mawili, hilo mtajibizana wenyewe.

Baba yako