Jeanne Moreau hakuwa chambo

Mhariri,

Mwandishi wa makala yenu ya Jumapili iliyopita alidai kwamba mwanamke katika filamu za zamani za uhalifu za Ufaransa ni chambo tu, mrembo anayemvuta mwanamume hadi shimoni. Naomba nafasi nimpinge kwa mwigizaji mmoja, Jeanne Moreau.

Mwaka 1958, katika filamu ya Ascenseur pour l'échafaud iliyoongozwa na Louis Malle, Moreau ni Florence, mke wa tajiri, ambaye amekubaliana na mpenzi wake kwamba mumewe auawe. Mpenzi huyo anatekeleza mauaji kisha anakwama ndani ya lifti, na Florence, akidhani ameachwa kwa ajili ya msichana aliyemwona ndani ya gari lake, anazunguka Paris usiku kucha akimtafuta, mvua ikimlowesha na tarumbeta ya mwanamuziki wa jazi Miles Davis ikimlilia. Sehemu kubwa ya matembezi hayo ilipigwa picha kwa mwanga wa madirisha ya maduka. Chambo kiko wapi hapo, ikiwa hata wa kunaswa hayupo? Tuliye naye ni mwanamke anayetamani, na tamaa yake ndiyo iliyozaa kisa kizima, ila hana la kufanya zaidi ya kutembea.

Miaka 10 baadaye, katika La Mariée était en noir ya François Truffaut, Moreau huyo huyo ni bibi harusi ambaye mumewe aliuawa mlangoni mwa kanisa, naye anawasaka wanaume 5 waliohusika. Mmoja wao anapofungwa, bibi huyu anajiachia akamatwe ili amfuate humo humo gerezani. Uwezo anao sasa, tena wa kutisha, lakini tamaa yake ilizikwa pamoja na marehemu. Wanaotamani ni wanaume, na hilo ndilo linalowaponza. Kwa maoni yangu, watunzi hawakuthubutu kumpa vyote viwili kwa wakati mmoja.

Wala woga huo haukuwa wa watunzi peke yao. Kwa sheria ya Ufaransa ya siku zile, mke aliyezini aliweza kufungwa hadi miaka 2, ilhali mume alitozwa faini tu, tena iwapo alimweka hawara ndani ya nyumba ya ndoa; vifungu hivyo vilifutwa mwaka 1975. Hadi mwaka 1965 mume aliweza hata kumzuia mkewe asifanye kazi. Ndiyo maana katika La Vérité ya Henri-Georges Clouzot, ya mwaka 1960, Brigitte Bardot anashtakiwa kwa kumuua mpenzi wake, lakini mahakama inahangaika zaidi na jinsi alivyoishi na wanaume aliowapenda.

Mwandishi wenu airudie pia dakika ya mwisho ya filamu ya Malle. Picha za wapenzi wawili zinajitokeza taratibu ndani ya dawa ya kusafishia picha, Florence akicheka begani mwa mtu wake, na mkaguzi wa polisi anamweleza kwamba wazee wa baraza hawatamhurumia yeye kama watakavyomhurumia mwanamume aliyefyatua risasi.

Msomaji wenu,
Tanga