Kuhusu zile asilimia za Bosnia

Njiro, Arusha

Ndugu yangu Elisante,

Salamu kwako na kwa mama watoto. Nimesoma mada uliyowaandalia vijana wa usharika. Ile sentensi kwamba Waislamu wa Bosnia "waliongezeka baada ya vita" vya 1992–1995 iondoe kabla ya Jumapili, nakuomba sana. Itajenga hofu Moshi, mahali ambapo Wakristo na Waislamu wanazikana.

Kilichopanda ni asilimia yao katika sensa: 43.5 mwaka 1991, 50.1 mwaka 2013. Watu wenyewe walipungua, kutoka kama milioni 1.90 hadi milioni 1.77. Nchi nzima ilishuka kutoka milioni 4.38 hadi 3.53, na Waserbia na Wakroati walipungua zaidi. Ni hesabu ya sehemu tu: asili ikishuka kwa kasi kuliko kiasi, jibu linapanda. Isitoshe, mwaka 1991 asilimia 5.5 hivi walijiandikisha kuwa Wayugoslavia. Nchi yao, Yugoslavia, ambayo Bosnia ilikuwa sehemu yake, ikafa, na wengi wakahesabiwa kwa majina mengine bila kuzaliwa mtu wala kubadili dini.

Tena hizo ni takwimu za taifa la mtu, yaani kabila lake, si ibada yake; "Waislamu" hapo ni jina la kabila. Dini ina swali lake kwenye dodoso.

Lakini ukibaki na wastani wa nchi, vita yenyewe huioni. Shuka hadi wilaya ya Srebrenica. Mwaka 1991 ilikuwa na watu kama 36,000, robo tatu wakiwa Waislamu. Julai 1995 wanaume na wavulana zaidi ya 8,000 waliuawa, wanawake na watoto wakafukuzwa. Sensa ya 2013 ilikuta watu 13,000 na ushei, Wabosnia Waislamu wakiwa nusu na kidogo. Asilimia yao ilishuka pale pale wakati ya nchi inapanda! Ukichukua wilaya nyingine, kagua mipaka kwanza, kwani mstari wa Dayton, yaani mpaka wa mkataba wa amani wa 1995 uliogawa nchi kati ya eneo la Waserbia na la Wabosnia na Wakroati, ulizikata baadhi vipande viwili.

Matokeo ya sensa hiyo ya 2013 yalitoka 2016, na upande wa Waserbia ukayakataa. Ugomvi ulikuwa juu ya nani ahesabiwe mkazi, hasa waishio ng'ambo.

Kwenye bango weka idadi kamili za 1991 na 2013 kwanza, asilimia zifuate. Wakikuuliza za kwetu, waambie sensa ya Tanzania haijauliza dini tangu 1967.

Wako,
Baba Upendo